Sinema Iliyosukwa Kikapu

Tangu nirudi, kila anayekanyaga kizingiti changu hapa mtaani Tena ana swali lile lile. "Mwende, Jumamosi ulikuwa wapi? Mbona ulirudi na matope mpaka kiunoni, na umenuna hivyo?" Wengine nimewasimulia nusu, wengine robo, na kila nikisimulia hasira zinapanda upya. Basi nimeandika. Someni, mpitishiane, mniache nipumzike.

Najua mtanicheka. Safari gani ya kuandikwa hii, kutoka mtaa wa Tena hadi mtaa wa Bahati, humu humu Nairobi? Watu huenda Mombasa na kurudi wasiandike hata mstari. Lakini mimi nilitoka kwangu jogoo wakiwika nikafika Bahati jua linaaga, na katikati nilipita jaani, kwenye maombi na mikononi mwa polisi. Kama hiyo si safari, niambieni safari ni nini.

Kazi yangu mnaijua. Nachora, na miaka hii ya karibuni napiga sinema, na mnalalamika kwamba kila ninachogusa kinaishia pale pale, kwa mambo ambayo nchi hii imeamua kuyasahau. Ni kweli. Ndivyo nilivyokutana na Shosho Nyambura wa Bahati, yule bibi Mkikuyu niliyewahi kuja naye hapa mkapenda kicheko chake.

Mume wa Shosho alipotea enzi za Hali ya Hatari, wakati mkoloni alipokuwa akizingira mitaa yetu alfajiri kwa malori. Wanaume walitolewa nyumbani, wakaketishwa chini uwanjani kwa safu, mikono kichwani. Kisha akaletwa mtu aliyevishwa gunia kutoka utosini hadi magotini, limetobolewa macho na tundu la mkono mmoja tu. Mtu huyo alipitishwa mbele ya safu, na yeyote aliyenyooshewa kidole alipandishwa lori. Hukujua ni nani aliyekunyooshea. Angeweza kuwa shemeji yako au fundi wako wa viatu. Asubuhi ya msako mmoja kama huo mume wa Shosho alitoka na koti lake la kazi ya reli, na hakurudi. Kaburi hakuna. Picha hakuna pia, maana picha yake pekee ilikuwa kwenye kipande, kile kitambulisho cha mkoloni, na kipande alikuwa amekivaa shingoni.

"Sauti yake ninayo," Shosho aliniambia. "Uso ndio umenitoka, mwanangu. Nikilala nauona, nikiamka haupo." Jicho lake moja limeshafunikwa na mtoto wa jicho, na la pili linafuata.

Sasa, katika ghala la ofisi moja ya serikali mjini, ambayo siitaji kwa sababu nitarudi kuwaomba tena, nilikuwa nimeonyeshwa mkanda wa sinema wa wakati ule. Niliuona juu juu, mezani. Uwanja wa Bahati, wanaume wameketi, mtu wa gunia anapita, na mwanamume mmoja mwenye koti la reli anageuka na kuitazama kamera. Nikajua ndiye mume wa Shosho. Nilimwambia Shosho siku hiyo hiyo, na tangu hapo kila Jumapili aliniuliza, "Umeniletea mzee wangu?" Nikaomba niinakili sura ile. Nikaambiwa nirudi. Nikarudi, nikaambiwa nirudi tena. Niliporudi Ijumaa, ghala lilikuwa limepakwa rangi mpya na halina kitu ndani.

"Kuna mkubwa anatutembelea," karani akaniambia huku akitafuna karanga. "Tuliambiwa tufanye usafi."

"Na mikanda?"

"Ile ya zamani? Ilikuwa inanuka. Lori la taka liliibeba."

Hasira hasara, tulifundishwa shuleni. Siku hiyo nilikuwa tayari kupata hasara. Nilimtukana karani yule kwa Kiswahili, nikamalizia kwa Kikamba, mpaka akaacha karanga zake.

Tena hadi Dandora

Jumamosi upinzani ulikuwa umeitisha mkutano na serikali ilikuwa imeupiga marufuku, kwa hivyo hakuna mwenye gari aliyetaka kuvunjiwa vioo. Nikaenda kwa miguu. Begani nilikuwa na mfuko wenye chupa ya maji, kioo changu cha kukuzia, na glavu nyeupe za pamba, maana mkanda wa zamani haushikwi kwa mikono mitupu. Chekeni. Glavu nyeupe, nikielekea jaa la Dandora.

Mvua ilikuwa imenyesha wiki nzima. Mtaa wa Umoja niliuvuka nikiruka madimbwi, na kufikia Kariobangi South kiatu kimoja kilikuwa kimeachana na soli yake. Harufu ya jaa ilinipokea kabla sijaliona. Kwenye njia ya kuingilia walikuwa wamekaa wanaume kadhaa na ndoano zao za kuchokorea taka. Mmoja, aliyevaa gambuti mbili zisizofanana, akasimama.

"Sasa sista. Unatafuta nani?"

"Natafuta picha," nikasema.

Nilikosea neno. Akatupa ndoano chini. "Picha hakuna hapa! Mlikuja juzi mkatupiga picha tukikula, mkaenda kutuuza. Toa hiyo kamera."

"Sina kamera."

"Sasa utapiga picha na nini?"

"Sitaki kupiga. Nataka zilizopigwa."

"Zetu?"

"Si zenu. Za wanaume walioketi chini, mikono kichwani."

Wakatazamana. "Kwani karao wameshika watu tena?" mwingine akauliza.

Wakanipokonya mfuko, wakaumwaga, na glavu zikaanguka juu. Mwenye gambuti akazivaa, akainua mikono juu, akatangaza kwamba daktari amefika na wenye kuumwa wapange foleni. Wakacheka mpaka wengine wakatoka kule juu kwenye moshi kuja kuona. Kicheko hicho kiliniokoa. Nikarudishiwa mfuko wangu, nikapewa jiwe la kukalia, chai ya rangi na mandazi, na yule wa gambuti, jina lake Kanyi, akanisikiliza mpaka mwisho.

"Ile mikebe ya duara, mikubwa?" akasema. "Ilikuja na lori Jumatano. Kitu safi. Tuliuzia fundi mmoja huko Kariobangi, Odhiambo, yote na vitu vyake vya ndani. Ila mikanda mingine ilikuwa imeshikana kama gundi. Hiyo tuliwashia moto. Inashika moto poa sana, hiyo kitu."

Nikaweka kikombe chini. Kanyi sikumkasirikia, ana baridi ya asubuhi kama mtu yeyote. Niliwakasirikia waliochukua lori la umma, dereva wa umma na mafuta ya umma, wakapeleka kumbukumbu ya umma jaani, kisha wakapaka ukuta rangi ili mkubwa asisikie harufu. Mandazi yalikuwa matamu, nikaongezwa moja.

Dandora hadi Kariobangi

Mto niliuvuka kwa vibao. Kelele za mafundi wa Kariobangi huzisikii kwa masikio tu, unazisikia hata kwenye meno. Nilimpata Odhiambo akiwa amepiga magoti juu ya bati, nyundo mkononi. Nilipotamka neno "mikebe" na neno "serikali" katika sentensi moja, uso wake ulijifunga.

"Madam, mimi mikebe sijui."

"Nimetoka kwa Kanyi."

"Kanyi simjui. Mimi ni mtu wa kanisa."

Nyuma ya kichwa chake mikebe ya sinema ilikuwa imening'inia kwenye msumari, imeng'arishwa. Nikamwonyesha kwa kidole. Akageuka, akaitazama kama mtu aliyetembelewa na mgeni asiyemtarajia, akasema hiyo ni ya shemeji yake. Alidhani nimetumwa kudai mali ya serikali. Nilimweleza kwa upole, nikamweleza kwa ukali, naye akaendelea kugonga bati kila nilipofungua mdomo.

Njaa ikaniuma. Kibanda cha chakula kilikuwa pale pale pembeni, nikaagiza ugali na matumbo, nikala nikimkodolea macho. Nilipomaliza, mama wa kibanda akaniletea kipande cha keki, akanionyesha na chombo alichoiokea ili nijue inatoka motoni sasa hivi. Kilikuwa mkebe wa sinema. Karatasi ya ile ofisi ilikuwa bado imebandikwa ubavuni, imeungua nusu.

"Huu umeununua wapi, mama?"

"Kwa Odhiambo, wapi tena? Amenitengenezea vitatu."

Nyundo ikanyamaza. Odhiambo akaja akijifuta jasho, akaketi, akaomba na yeye keki. "Sasa madam, ungesema unataka vya ndani," akasema. "Mimi nilidhani unataka mikebe. Vya ndani nilimpa Mama Nafula wa mtaani Huruma. Anasukia vikapu."

Nilimwambia arudie. Akarudia. Anasukia vikapu. Akanielekeza ghorofa zilizo nyuma ya kanisa, mlango wa bluu.

Kariobangi hadi Huruma

Nyuma ya kanisa hilo milango yote ni ya bluu. Mwenye jengo alinunua rangi moja akapaka kila kitu, hata mabomba. Nilibisha mlango wa kwanza, wakafungua wanawake waliofunga vitambaa vichwani, na kabla sijasema hodi nikavutwa ndani. Walikuwa kwenye maombi, na kuna mgeni waliyemngoja ambaye walidhani ni mimi. Nikaketishwa katikati. Kiongozi wao akanitazama usoni, akafumba macho, akaniwekea mkono kichwani na kuikemea roho ya hasira initoke kwa jina la Yesu. Wenzake wakaitikia kwa nguvu. Niliwashukuru. Roho yenyewe ilibaki pale pale ilipokuwa, ikanifuata mpaka ghorofa ya juu.

Huko juu, kwenye kamba ya nguo, kati ya nepi na shuka, mkanda ulikuwa umeanikwa. Mrefu, mweusi, unang'aa. Chini yake alikuwa amekaa mama mnene wa makamo, miguu ameinyoosha, kikapu kiko mapajani, nusu kimekwisha. Alikuwa anapitisha mkanda wa sinema juu na chini ya utepe mwekundu wa plastiki. Na mimi ni mchoraji, sitasema uongo, kilikuwa kikapu kizuri.

"Karibu, mwanangu. Unataka kikapu?"

"Nataka huo mkanda, Mama Nafula."

"Huu wa nini? Ngoja nimalize nikuuzie kikapu."

"Mama, hiyo ni historia ya nchi!" Nilipiga kelele, naomba radhi, lakini nilipiga. "Si kitu cha kubebea nyanya!"

Akaweka kikapu chini pole pole. "Usinifokee nyumbani kwangu. Nani aliitupa? Mimi? Mimi nimenunua kwa fundi, nikaiosha. Kama ni historia, ilikuwa inatafuta nini kwenye takataka?"

Nikafungua mdomo nizidi kumfokea. Kisha neno moja likanifikia. "Uliiosha?"

"Kwa sabuni na waya. Ilikuwa na uchafu, vipicha vipicha. Nikausugua utoke, ing'are."

Nikashika mkanda kambani nikauinua kwenye mwanga. Kipande baada ya kipande kilikuwa kitupu, safi kama kioo cha dirisha. Nikaketi sakafuni. Mama Nafula akashtuka, akaniletea chai na viazi vitamu bila kuuliza, akangoja nimeze. Halafu nikampa kioo changu, nikamwonyesha sehemu ambayo waya haukufika.

Akatazama. Akasogea mlangoni kwenye mwanga zaidi. "Wi! Wako humu! Wameketi!" Akatazama tena. "Ni akina nani?"

"Ni watu wa Bahati. Walichukuliwa siku hiyo. Mmoja mke wake yuko hai, hana picha yake nyingine."

Akashusha kioo. "Kwa hivyo nimesugua watu," akasema.

Akavuta kikapu akaanza kukifumua mwenyewe, akinikataza nisiguse kwa sababu nitavunja. Tulikuwa tukitazama kila mzunguko unaotoka. Karibu na kitako, mahali alipoanzia kabla hajazoea kusugua kwa bidii, kilitoka kipande kirefu kidogo chenye mikwaruzo, na ndani yake mtu wa gunia, safu ya wanaume, na yule wa koti la reli akigeuka. Nililia kwa furaha na kwa hasira pamoja. Mama Nafula akaniuliza sasa yeye atasukia nini. Nikamwahidi mikanda yangu mwenyewe, ile niliyoharibu nikijifunza kupiga sinema, ninayo gunia zima.

"Na yako pia ilikuwa historia?" akaniuliza.

"Hapana, mama. Yangu ni takataka kweli."

Huruma hadi Eastleigh

Kipande nilikizungushia karatasi, nikakitia mfukoni mwa koti. Barabara ya Juja ilikuwa inanuka moshi wa mabomu ya machozi. Mkutano ulikuwa umevunjwa, watu walikuwa wanakimbia kuja upande wangu, mimi naelekea walikotoka. Nikakatiza vichochoro, nikatokea Eastleigh, moja kwa moja kwenye kizuizi cha polisi.

"Wewe mama! Simama hapo! Mfukoni kuna nini?"

Alikuwa konstebo kijana, macho mekundu kwa ule ule moshi waliorusha wenyewe. Akaufungua mkanda, akauinua juani, akafumba jicho moja. Nikaona uso wake ukibadilika. Akaushusha, akatazama kando ya barabara. Pale kwenye matope walikuwa wameketi wanaume waliokamatwa, kwa safu, mikono kichwani, na lori nyuma yao. Akauinua mkanda tena.

"Hii umepiga saa ngapi?"

"Sijapiga mimi, afande. Hiyo ni ya enzi za mkoloni."

"Usinidanganye. Naona hapa ni leo. Hata lori ni hilo."

Jamani, nilicheka. Sikukusudia. Hasira ilikuwa imejaa ikakosa pa kutokea, ikatoka kwa mlango wa kicheko. Konstebo akaniuliza nacheka nini, akaniambia niketi chini na wenzangu. Nikaketi, matope yakanifika kiunoni mwa sketi. Sajini akaja, mtu mzima, tumbo mbele, akaomba kioo changu, akautazama mkanda kwa makini kuliko mtu yeyote wa ile ofisi alivyowahi kuutazama.

"Hawa si sisi," akasema mwishowe.

"Ni sisi, sajini. Tazama lori," konstebo akasema.

"Tazama miguu. Askari hawa wamevaa kaptura. Sisi tunavaa suruali." Akanirudishia mkanda. "Enda nyumbani, mama."

Huo ndio uhuru ulioniokoa, marafiki zangu, suruali ndefu. Niliinuka nikiwatazama waliobaki matopeni, na mmoja wao akageuza kichwa akanitazama na yeye. Watu wa kale nilikuwa nao mfukoni, na hawa wa leo sikuwa na cha kuwapigia picha. Nilitaka kusema neno, konstebo akanifokea niondoke, nikaondoka.

Bahati

Nyumba za Bahati zimeshikana ukuta kwa ukuta. Chumba kinachopakana na cha Shosho anakaa Mama Gathoni, naye bibi kama yeye, naye mumewe alipandishwa lori asubuhi ile ile na hakurudi. Wamelea watoto wao kwenye ua mmoja. Chumvi ikiisha huku inatoka kule. Nilimkuta mlangoni kwake akikanda unga.

"Yesu wangu, matope hayo! Umemleta mzee wa rafiki yangu?"

"Nimemleta, shosho."

"Afadhali yeye. Wangu mimi hakuna wa kumleta." Akacheka. "Ngoja nimalize chapati nije nimwamkie."

Shosho Nyambura alikuwa amekaa kitandani, amevaa gauni la kanisani. Alikuwa amelivaa tangu asubuhi. Nilimsogeza kwenye kiti karibu na mlango, jua la mwisho lilikuwa bado linaingia, nikamwekea kioo kwenye jicho lililobaki na kuushika mkanda mbele yake.

"Mwenye koti la reli, Shosho. Anayegeuka. Umemwona?"

Akakisogeza kioo karibu zaidi na jicho.

"Huyu si wangu," akasema.

"Tazama tena. Koti la reli."

"Nusu ya Bahati ilivaa koti hilo. Huyu ni baba yake Gathoni. Hayo masikio anayo Gathoni mpaka leo."

Siwezi kuwaeleza nilivyojisikia. Dandora, Kariobangi, Huruma, matope ya Eastleigh, yote kwa mume wa mtu mwingine. Nilitaka kuuchukua mkanda, akanizuia mkono. Aliendelea kuusogeza mwenyewe, picha moja moja, akirudi nyuma kuelekea kwa mtu wa gunia. Akaacha kuusogeza.

"Huyu wa gunia."

"Ndiyo, Shosho. Huyo ndiye msaliti wao." Nililisema neno hilo kwa hasira zangu zote za siku ile.

"Ananyooshea mtu kidole cha kati."

"Sijui kwa nini."

"Cha shahada hakinyooki," Shosho akasema. "Mashine ya reli ilikibana, kikapinda. Nilikuwa nakiosha mimi kwa maji ya chumvi, asubuhi na jioni, mpaka kikapona." Akainua mkono wake, akakunja kidole cha shahada, akanyoosha cha kati. Ulikuwa mkono ule ule wa kwenye mkanda.

Aliyenyooshewa alikuwa yule wa koti. Ndiyo maana alikuwa anageuka.

Sasa nisikilizeni vizuri, kwa sababu hapa ndipo hasira zangu zilipopoteza njia. Mimi, niliyekuwa nimetukana serikali mchana kutwa kwa kuficha na kutupa, niliinama nikamnong'oneza, "Shosho, tuukunje. Tutasema haukupatikana."

"Na uso wa baba Gathoni? Hana mwingine."

"Basi nitakata. Ndiyo kazi yangu, kukata. Nitautoa mkono, nimpe uso peke yake. Hatajua."

Shosho aliondoa kioo jichoni. Sijawahi kutazamwa hivyo na mtu aliyekaribia upofu. "Wewe ndiye umetembea mpaka jaani kwa sababu ya watu waliotupa?" akasema. "Na wewe sasa unataka mkasi. Mna tofauti gani?"

"Nakuonea huruma wewe."

"Nionee. Miaka yote hii nimelia na mwanamke huyu. Nimekula chumvi yake nikimlilia huyu wa gunia, na yeye akinifuta machozi." Sauti yake ilipanda kwa hasira ambayo mbele yake zangu zilikuwa mchezo wa watoto. "Usikate kitu. Hata kidogo."

Akaegemea ukuta wa jirani, akaupiga kwa kiganja.

"Mama Gathoni! Acha chapati. Njoo."

Mlango wa pili ukafunguka. Mama Gathoni akaingia akicheka, unga umemjaa mpaka viwikoni, akijifutia kwenye leso.

"Ameonekana mzee wako?"

"Ameonekana," Shosho akasema. "Na wako pia. Keti hapa kwenye mwanga." Akampa kioo.